Viwavi wa sukuma hawatoki kwenye samadi

Kuna watu wameacha kuweka samadi kwenye sukuma eti ndo inazaa viwavi. Hapana jamani. Wale funza weupe wanene unaowakuta kwenye samadi ni watoto wa mbawakawa, wanakaa chini na wengine hula mizizi, majani hawapandi kula. Kiwavi mdogo wa kijani anayetoboa sukuma na kabichi, ukimgusa anajinyonganyonga kisha anajiachia kwa uzi, huyo ni mtoto wa nondo mdogo wa kijivu anayeruka jioni, anataga vimayai vya njano kwenye majani na siku chache tu vinaanguliwa. Kwa hiyo geuza majani uangalie chini, ponda mayai, okota viwavi, kwa bustani ya nyumbani mara nyingi hiyo inatosha.

Na sumu kali kila wiki? Huyu nondo ameshazoea dawa nyingi, halafu unaua na nyigu wadogo wanaoua viwavi wake. Ukilazimika tafuta dawa ya bakteria, Bt, piga jioni maana jua linaiharibu, na wahi viwavi wakiwa bado wadogo. Hawafi papo hapo, wanaacha kula kwanza, usipanic ukaongeza dozi.