Ardhi ya wanawake: mashamba ya Oregon na maana yake

Ardhi ya wanawake ni shamba au kipande cha msitu kinachomilikiwa na kuendeshwa na wanawake peke yao, wengi wao wakiwa wanawake wanaopenda wanawake wenzao. Mashamba hayo yalienea Marekani katika miaka ya 1970. Habari za watu wa namna hii husimuliwa karibu kila mara kama safari ya kukimbia kijiji kwenda San Francisco au New York, na ndiyo maana dhana hii inastahili kujulikana: hawa waliacha mji wakaenda shamba, kwa hiari yao.

Kusini mwa Oregon, jimbo la magharibi mwa Marekani, ndiko walikokuwa wengi zaidi, kwenye milima iliyo kandokando ya barabara kuu inayotoka Eugene hadi mpaka wa California. WomanShare, karibu na Grants Pass, lilianza mwaka 1974. Mwaka huohuo, katika eneo hilohilo, Ruth na Jean Mountaingrove walianzisha jarida la WomanSpirit, lililodumu hadi 1984. Baadaye shamba lao la Rootworks likawa mahali pa kufundishana upigaji picha. Walitaka picha za wanawake zilizopigwa na wanawake, zisizomngoja mwanamume aseme nani anapendeza.

Maisha yenyewe yalikuwa kazi tupu. Waliezeka vibanda vyao, wakashika msumeno wa injini, wakapasua kuni za kuvuka majira ya baridi, wakatengeneza magari yao mabovu. Wengi walikuwa wametoka mjini wala hawajawahi kushika nyundo, kwa kuwa kazi hizo zilihesabiwa kuwa za wanaume. Kumwona mwenzako amesimamisha nyumba kwa mikono yake kulibadilisha mengi kichwani.

Lakini kiini cha dhana hii, kwa maoni yangu, ni umiliki. Hadi 1974, benki ya Marekani iliweza kumdai mwanamke saini ya mume kabla ya kumkopesha; sheria ya kukataza ubaguzi huo ilipitishwa Oktoba mwaka huo. Kwa hiyo aliyenunua shamba mara nyingi alikuwa yule mwenye akiba au urithi, na asiye na kitu akabaki mgeni kwa mwenzake. Jibu lao lilikuwa kuunda chombo cha wadhamini, Oregon Women's Land Trust, mwaka 1975. Mwaka uliofuata kilinunua ekari 147 katika Kaunti ya Douglas, zikaitwa OWL Farm. Msomaji wa pwani atazielewa upesi akifikiria wakfu: ardhi si ya mtu mmoja, na imewekwa kwa ajili ya watakaokuja. Mwanamke yeyote aliweza kufika akaishi, awe na pesa au hana.

Uwazi huo ulileta shida zake. Nani alipe kodi ya ardhi? Nani akarabati paa wakati wageni wanakuja na kuondoka? Wakabishana pia kuhusu watoto wa kiume, maana kina mama wengine walikuja na wana wao na baadhi ya mashamba hayakuwataka. Wanawake waliobadili jinsia walifungiwa mlango katika baadhi ya mashamba, jambo lililoumiza watu na linaloendelea kubishaniwa. Tena wakazi wengi walikuwa Wazungu. Wanawake wasio Wazungu walitafuta mahali pao wenyewe, kama Arco Iris katika milima ya Ozark, Arkansas.

Mashamba mengi yamekwisha, na waliobaki wamezeeka. Lakini OWL Farm haikuuzwa. Lilipopangwa bomba la gesi la Pacific Connector kupita kusini mwa Oregon, wadhamini wake walikuwa miongoni mwa wenye ardhi waliolipinga, pamoja na majirani wasiofanana nao kwa lolote ila kumiliki ardhi njiani. Desemba 2021 mradi huo ukaachwa.