Kabla ya kuiomba mahakama ikupe polisi

Wafanyabiashara wa Kibaigwa na Dodoma mjini waliogombana na wabia wao huja ofisini na ombi moja: "Wakili, niombee mahakama inipe polisi." Wengi wameshapita kituoni wakajibiwa kwamba hayo ni madai, waende mahakamani. Jibu hilo huniudhi, maana mara nyingi ni nusu ya ukweli. Kugombania hisa ni madai. Kuvunja kufuli, kumpiga mlinzi au kutishia kuua ni jinai, hata aliyetenda akiwa mbia wako. Sura ya 322, sheria inayoongoza Jeshi la Polisi, inawapa polisi kazi ya kulinda amani na mali, na hawahitaji amri ya hakimu kuianza. Toa taarifa, chukua namba ya RB, yaani namba ya taarifa yako kwenye kitabu cha kituo, uitunze.

Mahakamani, kinachoombwa kwanza ni zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Zuio humfunga mbia wako. Polisi wanaingia kama wasaidizi wa utekelezaji, na hapo ndipo maombi mengi hulegea. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969, mahakama hupima mambo matatu: kama kuna hoja ya kweli ya kuamuliwa, kama utapata hasara isiyofidika kwa fedha, na nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likikataliwa.

Hati ya kiapo ndiyo inayobeba yote hayo. Chukulia mnagombania kiwanda cha kukamua alizeti. Ukiandika "mbia wangu ananitishia", hujasema kitu. Andika kwamba usiku fulani, saa fulani, watu kadhaa walikuja na Canter, wakakata kufuli la geti na kupakia madumu ya mafuta, na mlinzi akamtambua mmoja wao. Kisha mlinzi mwenyewe aape hati yake, kwa sababu maneno ya mtu uliyemtaja tu ni ya kusikia. Ambatisha RB, picha za kufuli, na nyaraka za BRELA, wakala wa usajili wa kampuni, zinazoonyesha wakurugenzi ni akina nani.

Ombi lako lilitaje eneo, kitendo kinachozuiwa na msaada unaotakiwa kwa Mkuu wa Polisi wa Wilaya (OCD). Amri isemayo "polisi walinde haki za mwombaji" itamfikia OCD, naye hatajua amtoe nani getini, na mbia wako atakuwa pale pale na karatasi zake, akisema yeye ndiye mwenye mali. Usiwaunganishe polisi kama wadaiwa ilhali unataka msaada wao tu: kuishtaki Serikali kunahitaji notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu.

Kama kuna hatari ya mashine kuhamishwa, ambatisha hati ya dharura, inayoeleza kwa nini ombi haliwezi kusubiri. Mahakama inaweza kusikiliza upande mmoja kwanza. Amri ikitoka, mpelekee mbia wako nakala na upate saini ya kupokea. Bila uthibitisho huo, shauri la kukaidi amri litakuwa gumu.

Zuio halizidi miezi 6. Linaweza kurefushwa, ila jumla isipite mwaka 1, kwa hiyo isukume kesi ya msingi tangu wiki ya kwanza.