Tawi Likivuka Ukuta, Parachichi Bado Si Lako

Jumatatu mama mmoja wa Buruburu aliniwekea simu mezani nione picha. Mparachichi wa jirani yake umekatwa matawi kadhaa, na kando yake limesimama gunia la matunda. "Wakili, tawi likishavuka ukuta si ni langu?"

Si lako, mama. Swali hili nimelijibu mara nyingi mno, tena baada ya panga kushafanya kazi, ndiyo maana leo naliandika.

Sheria imekupa haki ya kujiondolea kero. Haijakupa mali. Sura ya 8 ya sheria zetu (Judicature Act) ilipokea kanuni za mahakama za Uingereza kama zilivyokuwa tarehe 12 Agosti 1897, kadiri hali ya Kenya inavyoruhusu, na mojawapo ni ile ya kesi ya Lemmon na Webb ya mwaka 1894: matawi yakiingia kwako unaweza kuyakata hata bila notisi, mradi usikanyage kwa mwenzako. Watu huishia hapo. Hawafiki mwaka 1919, kesi ya Mills na Brooker, ambapo jirani alichuma matofaa kwenye matawi yaliyoning'inia upande wake, akayauza, na mahakama ikamwamuru alipe. Tunda ni la mwenye mti. Hata kuni ni zake. Ukikata, weka kando umwambie aje achukue. Usimrushie juu ya ukuta, maana hapo kosa linakuwa lako.

Na huo "ukuta" ndio unaonichosha zaidi. Ukuta ulijengwa na fundi. Mpaka ulipimwa na mpimaji. Mitaani kwetu nimeona ua wa kayaba uliopandwa futi mbili ndani ya ploti, mabati yaliyosogezwa usiku, na bikoni, yaani alama ya mpaka, iliyozikwa chini ya saruji ya banda la kuku. Mteja anakata "mpaka kwenye ukuta" kwa imani safi, kumbe ameshaingia kwa jirani. Ukikimbilia kortini kubishania mstari wenyewe, utasomewa kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012: mahakama haisikilizi ugomvi wa mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla mpaka huo haujabainishwa na Msajili wa Ardhi. Kesi inatupwa na gharama unalipa. Kwa hiyo mpimaji kwanza, panga baadaye.

Mizizi nayo ina kanuni ileile, ila ushahidi wake ni mgumu: ukuta umepasuka kwa mzizi, kwa udongo mweusi, au kwa msingi mbovu? Utahitaji mhandisi. Na kuangusha mti mzima jijini, hata ulio wako, omba kibali cha kaunti.

Kuna jambo linalonisumbua, na vitabu hulipita haraka. Kanuni ya 1894 inasema kata. Lakini mkaratusi mrefu kwenye ploti ya futi 40 kwa 80, ukikatwa matawi ya upande mmoja tu, unaelemea upande wa pili, na upepo wa mvua za Aprili ukiulaza juu ya paa la mtu, nani anajibu? Mimi naamini aliyekata ovyo hawezi kujificha nyuma ya Lemmon, lakini nisingependa mteja wangu awe wa kwanza kulijaribu hilo mbele ya jaji. Ndiyo sababu namwandikisha kila mtu notisi ingawa sheria haimlazimishi: picha, tarehe, siku 14, na ombi la kuita fundi wa miti wamlipe pamoja.

Notisi ikipuuzwa, nenda kwa chifu au upatanishi. Katiba yenyewe, ibara ya 159, inazitaka mahakama zihimize njia hizo. Kama paa au gata tayari zimevunjika na hasara haizidi shilingi milioni 1, peleka madai Mahakama ya Madai Madogo. Amri ya kumlazimisha jirani akate matawi hutaipata huko. Na usikae ukihesabu Krismasi: madai ya hasara kama hii yana miaka 3 tu.

Mama wa Buruburu nilimwambia arudishe gunia jioni ileile, mkononi mwa jirani, kisha waketi wazungumzie matawi. Matawi matatu makubwa bado yako juu ya bati la mama, na msimu wa mvua umekaribia.