Redio ya Gari Mezani: Yanayosemwa na Yaliyo Kweli

Umenunua redio ya gari iliyotumika mitaa ya Darajani, Unguja, umefika nyumbani, umeiunga, kimya. Jirani anatoa hukumu: "Hiyo kishakufa." Taratibu kwanza.

*"Adapta yoyote ya volti 12 inatosha."* Volti tu hazitoshi. Adapta ya ruta mara nyingi hutoa ampea 1. Taa za redio zitang'ara, ukipandisha sauti inajizima, nawe utalaumu ampu (sehemu ya redio inayokuza sauti) bure. Betri ya pikipiki au ya sola inaimudu, lakini tia fyuzi ya ampea 10 kwenye waya wa chanya, karibu na betri. Nyaya zikipiga shoti, plastiki huyeyuka kabla hujaziachia.

*"Unga waya nyekundu kwa nyekundu."* Hapa ndipo watu wanaowashia redio kwa pawa saplai ya kompyuta wanapopotea, na mimi nimo. Kwenye kompyuta, njano ndiyo volti 12. Nyekundu ni volti 5. Redio nyingi za dukani, zisizokuja na gari, zina njano ya kutunza kumbukumbu na nyekundu ya swichi ya gari. Mezani zote mbili huenda kwenye njano ya kompyuta, nyeusi kwa nyeusi. Na pawa saplai yenyewe haiamki mpaka waya wake wa kijani uunganishwe na mweusi.

Redio iliyotoka nayo Toyota, sahau rangi hizo. Kwa kawaida kijivu ndiyo swichi, buluu yenye mstari wa njano ni moto wa kudumu, yaani wa kutunza kumbukumbu, hudhurungi ni hasi.

*"Hasi za spika zote ni moja, zifunge pamoja."* Usithubutu! Kila spika ina jozi yake, na hasi yake haiguswi na hasi ya betri. Ampu huungulia hapo.

*"Haishiki stesheni, basi mbovu."* Kwanza chomeka kipande cha waya cha sentimita 75 hivi kwenye tundu la antena. Kisha tazama namba. Kwenye FM, redio za Japani za zamani huanzia megahezi 76 na kuishia 90, na sisi stesheni zetu hufika hadi 108. Iliyo juu ya 90 hutaipata hata ukipanda nayo mnazini. Kuna kifaa kidogo cha kushusha masafa, kinachounganishwa baina ya antena na redio. Kitie hicho kwanza, ndipo umrudie muuzaji kwa ugomvi ukitaka.