Je, wajua kwa nini Dodoma iliwahi kunyimwa mchezo wa redio?

Mwaka 1993 Radio Tanzania ilianza kurusha Twende na Wakati, mchezo wa kuigiza kuhusu uzazi wa mpango na UKIMWI, uliosikika mara mbili kwa wiki. Aliyezua maneno ni Mkwaju, dereva wa lori mwenye tamaa ya wanawake, huku mkewe Tunu akihangaika nyumbani na watoto. Mwishowe Mkwaju akapata UKIMWI.

Dodoma hawakuusikia. Kwa miaka miwili mtambo wa huko ulirusha vipindi vingine saa ileile, na si kwa hitilafu: watafiti walitaka kulinganisha waliosikiliza na wasiosikiliza. Kulikosikika mchezo, matumizi ya uzazi wa mpango yaliongezeka. Dodoma hapakuwa na badiliko kama hilo hadi nao walipofunguliwa mchezo huo, mwaka 1995.

Mkwaju alikuwa na nini ambacho hotuba za wataalamu hazina? Nadhani siri ni kwamba hakuwa mimi wala wewe. Mume akikemewa hujitetea; Mkwaju akisemwa, mume naye humsema, tena kwa sauti. Baadhi ya wasikilizaji wakaanza kuwaita wanaume wa namna ile "Mkwaju", na jambo lililokuwa gumu kutamka likapata jina.

Kazi hii ya hadithi ni ya kale. Mwanaanthropolojia Polly Wiessner alichunguza mazungumzo ya Waju/'hoansi, jamii ya wawindaji wa jangwa la Kalahari. Mchana walizungumzia riziki na kulalamikiana. Hadithi zilikuwa asilimia 6 tu. Usiku, kando ya moto, zilifika 81: ndoa, safari, visa vya watu wa mbali. Hivyo kijana alijua taratibu za watu asiowahi kuwaona. (Sisi tuliambiwa anayesimulia ngano mchana ataota mkia. Labda wazee walitaka tu kazi ziishe kwanza.)

Wala si lazima hadithi iwe kweli ndipo iwaunganishe watu. Mwaka 1905, kusini mwa Tanzania ya leo, habari za Kinjekitile wa Ngarambe zilitembea kijiji hadi kijiji: dawa yake ya maji ingegeuza risasi za Wajerumani kuwa maji. Wamatumbi, Wangindo, Wapogoro, watu wasio na mtawala mmoja, wakaingia vita moja, ya Maji Maji. Kinjekitile alinyongwa Agosti mwaka huohuo. Wangoni walipopelekewa maji yale, mwenyewe alikuwa ameshakufa.