Hifadhi ya muda na maneno "kapewa mtoto"

Hifadhi ya muda ni amri ya mahakama inayoelekeza mtoto akae na nani wakati shauri la wazazi wake, mara nyingi la talaka, bado linasikilizwa. Maana yenyewe inaishia hapo. Kilichonifanya niandike ni kauli ambayo hapa Lindi nimeisikia sokoni, msibani na hata nje ya chumba cha mahakama: "Fulani kapewa mtoto."

Hakuna aliyepewa. Neno hifadhi limetoka katika Kiarabu, kwenye mzizi wenye maana ya kulinda kitu kisipotee wala kuharibika, ndiyo maana aliyehifadhi Kurani kifuani huitwa hafidhi, na hakuna anayedhani kwamba Kurani imekuwa mali yake. Mkulima wa korosho anaielewa tofauti hii bila kufundishwa, kwa kuwa korosho zake zikiingia ghala kuu, mwenye ghala huzitunza na kuwajibika zikiharibika, lakini hazigeuki kuwa zake. (Mtoto si korosho, najua.)

Neno muda nalo hueleweka vibaya, kana kwamba ni siku chache tu. Amri hiyo yaweza kudumu miezi mingi. Huitwa ya muda kwa sababu inasubiri hukumu, na hali ikibadilika mahakama yaweza kuitengua au kuirekebisha hata kabla ya hukumu hiyo.

Huku kwetu mkanganyiko huongezwa na mila. Kwa Wamwera, Wamakonde, Wamakua na Wayao, ukoo umefuatwa kwa mama tangu zamani, kwa hiyo mama akikabidhiwa mtoto kwa amri ya muda, wajomba huona mahakama imethibitisha walichokijua siku zote, na akikabidhiwa baba, huona wameporwa. Kifungu cha 125 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kinazitaja kweli mila za jamii husika, pamoja na matakwa ya wazazi, na ya mtoto mwenyewe akiwa na umri wa kutoa maoni yake, ila vyote hivyo hupimwa chini ya ustawi wa mtoto. Kifungu hicho hicho huchukulia kwamba mtoto wa chini ya miaka saba ni heri akae na mama, jambo linaloweza kupingwa kwa ushahidi, kisha kinaitaka mahakama izingatie madhara ya kumhamishahamisha mtoto. Hapo nakiri kwamba amri ya muda huwa na uzito kuliko jina lake, maana mtoto aliyekwisha kuzoea nyumba na shule haondolewi kirahisi.

Hata hivyo mzazi wa pili hubaki mzazi, na kwa kawaida wajibu wake wa matunzo haukomi.

Basi jirani atakaposema tena kwamba fulani kapewa mtoto, inatosha kumwambia kwa upole kwamba amekabidhiwa akae naye, na kesi bado inaendelea.