Cassavetes Aliandika Skripti

Wiki iliyopita, kwenye usaili wa waigizaji hapa Mwanjelwa, Mbeya, kijana mmoja aliirudisha skripti mezani bila kuifungua. "Kaka, mimi ni mtu wa filamu huru. Najiachia tu, kama Cassavetes." Ni wa nne mwaka huu, na nimechoka kujibu mmoja mmoja.

Imani hiyo, kwamba Cassavetes hakutumia skripti, naijua ilikotoka. John Cassavetes, mwongozaji wa Kimarekani mwenye asili ya Kigiriki, alitengeneza filamu ya Shadows jijini New York na wanafunzi wake wa uigizaji. Sehemu ya fedha ilitoka kwa wasikilizaji wa redio aliowaomba mchango hewani mwaka 1957. Mwisho wa filamu yanatokea maandishi yanayosema ulichokitazama kilibuniwa papo hapo. Watu wanasoma hapo, wanaondoka. Toleo la kwanza lilioneshwa 1958 na halikumridhisha. Akakaa akaandika sini (vipande vya hadithi) mpya, akawarudisha waigizaji mbele ya kamera, na toleo la 1959 ndilo tunalolitazama leo.

Faces (1968) ilikuwa na skripti. A Woman Under the Influence (1974) ilianza kama tamthilia aliyomwandikia mkewe, Gena Rowlands. Fedha alizitafuta kwa kuigiza kwenye filamu za wengine, kama The Dirty Dozen. Hayo yanatosha.

Sasa nije kwenye kinachonikera. Uhuru wa Cassavetes haukuwa kwenye maneno, ulikuwa mwilini. Hakumchorea muigizaji alama sakafuni asimame hapo. Taa zilimulika eneo zima ili mtu aende atakako, na mpiga kamera ndiye aliyepata taabu ya kumfuata. Ndiyo maana fremu zake zinatikisika, sura inakatwa nusu, fokasi, yaani ukali wa picha, inapotea halafu inarudi. Sentensi ilishaandikwa, atakayeisema hakuambiwa aisikie vipi moyoni.

Mwachie muigizaji wetu abuni ugomvi wa ndoa bila skripti uone. "Kwa nini unanifanyia hivi?" "Sikiliza, mume wangu." "Nimekukosea nini?" Nimehariri ugomvi wa namna hiyo kwa miaka, na wote unafanana, kwa sababu mtu akibanwa hushika neno lililo karibu, na lililo karibu ni lile alilolisikia kwenye filamu ya jana. Halafu uje kuunganisha: teki (mara moja ya kupiga sini) ya kwanza kasema "kesho", ya pili kasema "Jumamosi". Huwezi kukata katikati.

Jaribu kinyume chake. Mpe mama neno moja tu, "Umekula?", mwanawe akiwa amerudi usiku wa manane na baridi ya Uyole ya mwezi wa saba. Aliseme kwa hasira, kwa hofu, kwa aibu ya sufuria tupu. Hapo ndipo muigizaji anapojiachia.

Kuna jambo moja linaninyima usingizi, nalo nalisema wazi. Kwenye mazoezi ya sini hiyohiyo, mama yetu alikosea, swali likamtoka kwa Kinyakyusa. Chumba kizima kilinyamaza. Mimi nisingeliandika hata ningekaa mwezi. Kwa hiyo sijui mpaka uko wapi hasa kati ya kuandika na kuokota; pengine kazi yangu nusu ni kuokota. Ila usiku ule nililiingiza kwenye skripti, na tulipopiga, teki zote sita alilisema vilevile, kila mara kwa uchungu mwingine.